Reli Inayoitwa Chuo

Mimi nimekulia Tabata Relini. Anayeijua Dar es Salaam haulizi jina limetoka wapi. Reli imepita katikati ya maisha yetu: ni njia ya mkato ya kwenda shule, ni uwanja wa watoto jioni, na kando yake ndipo akina mama wanapotandika mafungu ya mchicha na bamia. Oktoba 2012 ilipoanza treni ya abiria ya asubuhi na jioni kati ya Ubungo na Stesheni, ile watu waliyoibatiza treni ya Mwakyembe kwa jina la waziri wa uchukuzi wa wakati ule, nilikuwa miongoni mwa waliopanda wiki ya kwanza. Nilisimama mlangoni upepo ukinipiga usoni, nikajiona mtu wa mjini haswa. Kwa hiyo 2017, rafiki aliyenitangulia Japani aliponiandikia kwamba chumba alichonitafutia kipo dakika saba kwa miguu kutoka stesheni, wala sikushtuka. Mtoto wa Relini nikafundishwe treni?

Stesheni yenyewe inaitwa Mitaka. Ipo magharibi mwa Tokyo, kilomita 24 na kidogo kutoka stesheni kuu ya jiji, kwenye reli ya Chuo. Ndiyo, Chuo. Siku ya kwanza nilipoliona neno hilo kwenye vibao nilidhani kuna chuo kikuu mbele na kwamba wale vijana wote wenye mabegi wanakwenda darasani. Kumbe kwa Kijapani maana yake ni katikati tu. Nilimwandikia mama kwamba kila asubuhi napanda treni ya Chuo, naye akawatangazia majirani kuwa mwanawe anasoma mpaka ndani ya treni. Sikumsahihisha.

Ni stesheni ya kawaida ya watu wanaokwenda kazini na kurudi. Ilifunguliwa 1930, ina majukwaa matatu na njia sita, na ukumbi wake umejengwa juu ya reli, kwa hiyo unapanda ngazi kwanza ndipo ushuke jukwaani. Chini yake kuna mfereji. Tamagawa Josui uliochimbwa 1653 kuleta maji ya kunywa mjini Edo, jina la zamani la Tokyo, unafika hapo ukiwa wazi, unazama chini ya stesheni, kisha unaibuka upande wa pili na kuendelea na safari yake chini ya miti. Ukiufuata kwa robo saa hivi kuelekea bustani ya Inokashira unafika kwenye jumba la makumbusho la Ghibli, ile studio ya filamu za katuni, lililofunguliwa 2001. Wageni wengi wanaoshuka Mitaka wanafuata hilo. Mimi nilifuata kodi nafuu.

Nikakosea tangu wiki ya kwanza. Sheria inamtaka mgeni aandikishe anwani yake ndani ya siku 14 tangu ahamie. Nikapanda basi hadi ofisi za mji wa Mitaka, nikapanga foleni, nikatoa karatasi zangu. Yule dada wa mapokezi akaisoma anwani, akainamisha kichwa, akaisoma tena, akachukua ramani. Chumba changu kilikuwa upande wa kaskazini wa stesheni, na upande wa kaskazini si Mitaka! Mpaka wa miji unapita hapohapo: ukitokea mlango wa kusini upo Mitaka, ukitokea wa kaskazini upo Musashino. Nilikuwa nikiwatangazia watu mji nisiouishi. Akanichorea njia kwa kalamu nyekundu, mstari ulionyooka na mshale mwishoni, kama anamchorea mtoto. Ramani ile bado ninayo.

Sasa nije kwenye treni. Baada ya kumaliza shule ya lugha nilipata kazi kwenye kampuni ndogo ya programu za kompyuta karibu na Iidabashi. Mitaka kuna treni za aina tatu zinazoelekea mjini. Ile yenye mstari wa rangi ya chungwa ndiyo wanayoiita ya haraka. Yenye mstari wa njano inasimama kila kituo. Na ile yenye mstari wa buluu inaanza kama treni ya kawaida, ila ikifika Nakano inazama ardhini na kugeuka kuwa ya chini kwa chini. Hiyo ya buluu nitairudia, maana ilinitia aibu.

Mtu wa Dar akiambiwa kuna treni ya haraka na treni ya polepole atapanda ipi? Miezi mitatu nilipanda ya chungwa. Inatoka mbali huko magharibi, Takao, Hachioji, Tachikawa, na ikifika Mitaka tayari imejaa. Mnasukumwa ndani mpaka mlango ufungwe. Kubanana hakukunishangaza, daladala za Mbagala nimezipanda. Kilichonishangaza ni ukimya. Watu mia na zaidi ndani ya behewa moja, vifua vimegusana, na unachosikia ni vyuma tu. Hakuna konda, hakuna "sogea nyuma kuna nafasi," hakuna mama anayelalamika kukanyagwa. Asubuhi yangu ya kwanza nilimsalimia mzee niliyebanwa naye uso kwa uso. Nilisema "habari za asubuhi" kwa Kijapani changu safi cha shuleni. Akatazama tangazo la dawa ya mba juu ya kichwa changu hadi Shinjuku.

Jioni ile nilikula wali wangu nikiwa na huzuni isiyo na jina. Kwetu ukimnyima mtu salamu umemwambia neno zito.

Aliyenifungua macho ni dada mmoja wa Mombasa aliyekuwa akisomea shahada ya uzamili. Alishakaa miaka minne. Nilikutana naye jukwaani nikihema baada ya kukosa ya chungwa kwa sekunde chache.

"Kakangu, washuka wapi?"

"Iidabashi."

"Na hiyo haifiki Iidabashi."

"Nabadilisha njiani, napanda ya njano."

Akanitazama kwa huruma. "Hiyo ya manjano yaanzia hapa hapa Mitaka. Yaja tupu. Wewe waiacha tupu, waenda kubanwa, kisha waifuata imeshajaa?"

Nikakaa kimya. Akaendelea kunimaliza: siku za kazi, kati ya Mitaka na Nakano, hiyo inayoitwa ya haraka inasimama vituo vilevile vyote inavyosimama ya njano. Kichijoji, Nishi-Ogikubo, Ogikubo, Asagaya, Koenji, Nakano. Hakuna inachoruka. Kutoka Nakano hadi Shinjuku ndipo inaruka vituo viwili, Higashi-Nakano na Okubo. Viwili! Kwa ajili ya vituo viwili nilikuwa nimebanwa mbavu miezi mitatu. Methali inayofaa hapo mnaijua nyote, sina haja ya kuiandika.

Kuanzia siku ile nikawa mtu wa njano. Na hapo ndipo nilipoanza kuiona stesheni. Nilipokuwa nakimbia sikuwa nimeona kwamba sakafu ya jukwaa imeandikwa. Kila mlango wa kila behewa una alama yake chini: behewa namba fulani, mlango namba fulani, na treni inasimama mlango ukiwa pale pale. Watu wanajipanga pembeni mwa alama, wanaacha njia katikati kwa wanaoshuka. Na kwa kuwa treni inaanzia hapa, ukiona viti vitajaa kabla ya zamu yako huna haja ya kupigana. Unasogea kando na kuwa wa kwanza kwa ile inayofuata, na kila mtu anajua kwamba wewe ndiye wa kwanza bila neno kusemwa. Nilipachagua pangu: behewa la nne, mlango wa tatu, treni ya saa moja na dakika 42. Saa ya jukwaani inasema 7:42, lakini kichwani mwangu haijawahi kuwa saba hata siku moja.

Baada ya wiki chache wenzangu wa mlango wa tatu nilikuwa nawajua wote. Kulikuwa na bwana wa mwavuli mweusi, msichana wa shule mwenye begi la fidla, na mama mmoja mfupi aliyesoma vitabu vilivyofunikwa karatasi ya dukani ili mtu asijue anasoma nini. Hatukuwahi kusalimiana. Ila siku moja niliumwa mafua nikakaa nyumbani siku nne, na niliporudi yule mama mfupi aliinua macho kwenye kitabu, akanitazama, akatikisa kichwa kidogo sana, kisha akarudi kwenye ukurasa wake. Nilitembea na tikisiko lile la kichwa wiki nzima. Niliwahi kumsimulia kaka yangu kwa simu, akacheka: "Yaani umefurahi mtu kutikisa kichwa? Rudi nyumbani, huko utakuwa mwehu."

Nimeahidi treni ya buluu. Kadi yangu ya mwezi ilikuwa ya reli ya Chuo, Mitaka hadi Iidabashi, imelipwa na kampuni kama ilivyo desturi huku. Asubuhi moja, usingizi machoni, nikaingia treni iliyokuwa wazi jukwaani bila kutazama mstari wake. Nikapata kiti, nikalala. Nilipofumbua macho nje kulikuwa na giza. Moyo ukaruka. Asubuhi hii imekuwaje usiku? Sauti ikatangaza Kagurazaka, kituo nisichokijua. Kumbe tulikuwa chini ya ardhi, na bahati ni kwamba treni ile nayo inapita Iidabashi, ila Iidabashi ya chini, kwa kampuni nyingine. Nikashuka, nikagusa kadi getini. Kimlango kikajifunga mbele ya mapaja yangu, taa nyekundu, mlio. Kadi ilinidai nauli ya kipande cha chini kwa chini na salio lilikuwa yeni kumi na kitu. Nyuma yangu foleni ya watu ishirini ikapinda kuelekea geti la jirani kama maji yanavyolikwepa jiwe. Hakuna aliyesonya. Afadhali wangesonya. Nilirudi nyuma hadi kwenye mashine ya kulipia pungufu nikiwa nimeinamisha kichwa kwa watu ambao hata hawakunitazama.

Nikajiambia lazima nipate dawa ya usahaulifu, na dawa niliipata palepale jukwaani. Wafanyakazi wa treni Japani wana tabia ambayo mwanzoni utadhani ni ibada. Dereva kabla ya kuondoka ananyoosha kidole chenye glovu nyeupe kwenye taa ya ishara na kuitamka kwa sauti. Kondakta wa nyuma ananyooshea kidole milango, kisha ukingo wa jukwaa, anasema "sawa," ndipo anafunga. Wapo peke yao, hakuna anayewasikiliza. Jicho linaona kwa mazoea, lakini kidole na mdomo vikishiriki akili inalazimika kuwepo. Nikaanza nyumbani: jiko, "limezimwa!" Dirisha, "limefungwa!" Funguo, simu, kadi. Mlangoni nasimama kama mwendawazimu nikinyooshea kidole soketi. Tangu hapo sijapanda ya buluu kwa bahati mbaya. Kwa nini basi nilisahau mfuko?

Hili nilisimulie vizuri, maana ndilo lililobadilisha mambo. Mtu alikuja kutoka Dar na mzigo kutoka kwa mama: majani ya chai, mchele kidogo wa Mbeya na kanga. Nikaupokea usiku, asubuhi nikaubeba ili nikawaonyeshe wenzangu kazini ile kanga. Nikauweka juu kwenye kichanja cha mizigo, Iidabashi nikashuka mikono mitupu. Treni ikaondoka na kanga ya mama kuelekea Chiba.

Kwetu ningeshasema basi, riziki ya mwingine. Jioni nikapita ofisi ya stesheni Mitaka kwa kutimiza wajibu tu. Alikuwepo mzee mmoja wa makamo, kofia imenyooka, miwani imeshuka puani. Akachukua fomu. Treni ya saa ngapi? Saba na 42. Behewa? La nne. Mlango? Wa tatu. Akainua macho, akafurahi. Nadhani si wengi wanaomjibu hivyo. Ndani kuna nini? Nikataja chai, nikataja mchele. Na kitambaa. Kitambaa gani? Kikubwa, cha njano na nyeusi, kina maandishi. Maandishi gani? Akanigeuzia karatasi niandike.

Nikaandika kwa herufi kubwa: MGENI NJOO MWENYEJI APONE.

Akapiga simu. Akapiga tena kwingine. Mara ya tatu nikamsikia akianza kusoma herufi mojamoja kwenye simu, e-mu, ji, i, e-nu, ai, na upande wa pili mtu anazilinganisha na kitambaa kilichokunjuliwa mbele yake. Walikwenda hivyo hadi mwisho, herufi zote ishirini na mbili. Ikathibitika. Mfuko upo Tsudanuma, mkoa wa Chiba, zaidi ya saa moja kwa treni ileile ya njano. Niende na kitambulisho.

Kabla sijaondoka akaniuliza ile sentensi ina maana gani. Nikajaribu. Kijapani changu kilikuwa cha kompyuta, si cha methali. Nikasema: mgeni akija, mwenye nyumba anapona.

Akafikiri. "Mgeni ni daktari?"

Nikasema hapana. Ni mgeni tu, mtu yeyote.

"Mwenye nyumba alikuwa mgonjwa?"

Nikasema si lazima. Nikahangaika: mgeni akija, kinapikwa kizuri kilichokuwa kimefichwa, nyumba inafagiliwa, watu waliokuwa wamenuniana wanalazimika kuzungumza. Akaniacha nimalize. Kisha akasema jambo nililokuwa nalisikia kila siku bila kulisikia. Alisema wao pia wanatumia neno hilo. Abiria kwa lugha ya stesheni anaitwa okyaku-sama, na okyaku ni mgeni, ni neno lilelile analoambiwa aliyekuja kwako kunywa chai. Matangazo yote yale ya jukwaani, asubuhi hadi usiku wa manane, yanaanza kwa kutuita wageni waheshimiwa.

Nilitoka nikasimama kwenye ngazi. Mwaka mzima na zaidi nimekuwa nikinung'unika kwamba hakuna anayenisalimia Mitaka.

Naweza kusimama hapo na simulizi ingekuwa tamu, lakini ingekuwa nusu ya ukweli.

Miaka ya korona ilipita. Treni zikawa na nafasi, tukawa tunafanya kazi nyumbani siku tatu kwa wiki, na Machi 2021 treni za mwisho za usiku zikasogezwa mapema kwa karibu nusu saa. Halafu watu wakarudi, na mimi wakati huo nilikuwa nimeshakuwa mwenyeji. Nilijua kila kitu. Nilijua tiketi ya kuchelewa, kile kikaratasi wanachokupa getini treni ikichelewa ili mkuu wako wa kazi asikulaumu. Cha kwanza nilikipiga picha nikakituma kwenye kundi la familia, na mjomba akajibu kwamba sisi tungepewa vikaratasi hivyo Tabata tungejengea nyumba. Nilijua pia maneno mawili ambayo kila mkazi wa reli ya Chuo anayajua: jinshin jiko. Ajali ya mtu. Ubao ukiyaandika hayo, kuna mtu amegongwa na treni mahali fulani kwenye njia. Mara nyingi si bahati mbaya, na hakuna anayelitamka.

Ilikuwa asubuhi ya baridi ya 2022. Nilikuwa na kikao saa tatu na nilikuwa nimekiandaa wiki mbili. Nipo behewa la nne, mlango wa tatu. Ubao ukabadilika, sauti ikatangaza ajali ya mtu, treni zimesimama, wageni waheshimiwa tunaomba radhi sana.

Nilisonya.

Ule wa nyumbani hasa, mrefu, wa kuvuta kwa meno. Katika ukimya wa jukwaa ulisikika hadi mbali. Yule mama mfupi aligeuka kunitazama. Hajui maana ya kusonya, lakini nadhani alielewa.

Nikajisikia, nikaogopa. Tabata mtu akigongwa na gari tu, hata usiyemjua, watu wanaacha walichoshika. Wanawake wanashika vichwa, wanaume wanavua kofia, mtu anatafuta kanga ya kumfunika. Mtaani kwetu kukiwa na msiba muziki unazimwa nyumba ya tatu. Na mimi, mtoto wa hapo, mtu amekatika roho au yupo anakatika, nimesonya kwa sababu ya kikao. Ilichukua miaka mitano tu.

Nilisema "Innalillahi" kwa sauti ya chini, kama aliyechelewa. Kisha nikapanda ngazi kwenda getini kuchukua kikaratasi changu. Waliokuwa wanavigawa mmoja wao alikuwa yule mzee wa kanga. Anainama kwa kila mtu, kikaratasi mikono miwili, anainama tena. Mbele yangu bwana mmoja alikinyakua na kutupa maneno makali, mzee akainama zaidi. Zamu yangu ilipofika alinitambua.

Nikamuuliza: yule mtu, amepona?

Neno nililotumia lilikuwa lilelile nililolitumia siku ya kanga. Sikulipanga, ndilo nililokuwa nalo. Akabaki na kikaratasi mkononi. Akasema taarifa hiyo haiwafikii hapa. Kisha akaongeza, polepole, kwamba hakumbuki mara ya mwisho mgeni kuuliza.

Kikao kilianza bila mimi na hakikuharibika.

Tangu siku ile sijabadilika kuwa mtakatifu. Bado nakereka ubao ukibadilika. Ila natamka ile Innalillahi yangu kabla ya kutazama saa, kama kondakta anavyotamka "sawa" kabla ya kufunga mlango, na kidole kinanyooka chenyewe mfukoni.

Kuna daraja nililokuwa nalipenda, dakika chache magharibi mwa stesheni. Lilikuwa la waenda kwa miguu, jembamba, refu, limejengwa 1929 kwa vyuma vya reli kuukuu, likivuka njia zote pamoja na gereji ya treni. Mwandishi Dazai Osamu, aliyeishi Mitaka hadi alipofariki 1948, alipenda kupita pale, na ipo picha yake akiwa darajani. Siku za anga safi uliuona mlima Fuji. Lilikuwa limezeeka, na Desemba 2023 wakaanza kulibomoa. Siku za mwisho watu walimiminika kuliaga, na mimi nikaenda Jumamosi moja.

Tulijaa. Wazee, wapiga picha, akina mama na watoto mabegani, na wote kimya kama ilivyo ada. Treni ya chungwa ikatokea upande wa Tachikawa. Mtoto mmoja wa kama miaka mitatu akapunga mkono kwa nguvu, mwili mzima ukitikisika. Dereva akanyanyua glovu nyeupe na kupiga honi fupi. Daraja zima likacheka, na mara watu wakaanza kuongea na wasiowajua: ulilijua lini, mwanao ana umri gani, nilikuwa naletwa hapa na babu yangu.

Bibi mmoja aliyekuwa ameshika chuma karibu nami akanigeukia. Akaniuliza nimetoka wapi.

"Relini," nikamwambia, kisha nikalazimika kumweleza.